Pembe za Kapteni Fahali

Jumatatu, 2 Septemba 2024

Vita vimeanza. Madam Laker, mchapishaji wetu, ametuita ofisini kwake Nsambya, mimi na Whitney, akatueleza kwamba shujaa wetu wa katuni, Kapteni Fahali, ametimiza miaka hamsini na amechoka. Amechoka! Mtu anayeng'oa nguzo ya stima kwa mkono mmoja! Madam anataka azaliwe upya Januari, kwenye karatasi na kwenye simu, na atamkabidhi mtu mmoja tu. Kila mmoja wetu alete Kapteni wake Jumamosi ya wiki ijayo. Atakayeshinda ataandika hadithi. Atakayeshindwa atashukuriwa.

Kushukuriwa najua maana yake. Maana yake ni Kisenyi. Mke wangu Nelima ana duka la jumla la vyombo vya plastiki kule, na amesema zaidi ya mara moja kwamba anahitaji mtu mzima wa kukaa nyuma ya mabeseni. Nimemwandika Fahali tangu nilipovuka mpaka kuja Kampala. Sijui kazi nyingine. Sitaki kuijua.

Whitney alinipa mkono akasema, "Uncle, bambi, tafadhali tusikasirikiane." Binti mdogo, baba yake ni polisi, anachora kwa kidole kwenye kioo cha tableti. Nikamjibu kwamba mimi, Tarcisio Khisa, sina tabia ya kukasirika. Nilipotoka mlango ulijifunga kwa kishindo. Upepo.

Jumanne, 3 Septemba

Nimeamka na mpango. Matatizo yote ya Kapteni wetu yametokana na herufi moja.

Niyaandike hapa, wajukuu wasije wakadanganywa. Mwaka 1974 alitoka Kisenyi, kwenye mashine ya marehemu Mutyaba, mchoraji na mpiga chapa. Jina Kapteni Fahali. Pembe mbili kichwani. Kazi yake kuwakimbiza wezi wa nguo zilizoanikwa kambi ya polisi. Safi kabisa! Miaka ya themanini akaja mhariri msomi, akasema watu wa Kampala wamechanganya tena L na R, jina sahihi ni Fahari. Pembe zikakatwa. Akavishwa suti, joho na miwani, akawa anawashinda wezi kwa hotuba. Miaka ya tisini mradi wa chanjo za mifugo ukajitolea kulipia uchapishaji, na pembe zikaota upya ndani ya wiki moja. Shujaa wangu akapigana na kupe hadi mradi ulipokwisha. Kisha Fahari tena, mwenye simu mbili mkononi. Kisha nikaja mimi, nikarudisha pembe. Kisha bodaboda zikapendwa, akapandishwa bodaboda, helmeti ikagoma kuingia, pembe zikaondolewa. Nikamuua kwa hasira. Wasomaji wakalia, nikamfufua nikasema ni pacha wake. Hilo la pacha sijivunii.

Sasa nitamaliza ubishi. Aliyemtunga yu hai! Ni Afande Okidi, baba yake Madam Laker, mstaafu wa bendi ya polisi. Yeye ndiye aliyetoa hadithi. Mutyaba alichora na kuchapa. Baadaye afande akahamishiwa kaskazini, Mutyaba akaendelea peke yake. Mzee akisema mbele ya watu kwamba ni Fahali, na ana pembe, nani atabisha? Whitney na kioo chake watabisha?

Madam Laker husema baba yake hapendi kuzungumzia habari hiyo. Kila akiulizwa anageuza maneno anaingia kwenye mambo ya bendi. Mimi nasema hajaulizwa na mtu anayejua Kiswahili.

Nelima amenisikiliza hadi mwisho akikunja nguo. Akauliza kama ni lazima awe na pembe. Mke wa miaka yote hii! Nikamkumbusha kwamba nilipokuwa mtoto kwetu Bungoma, mdogo kuliko wote darasani, nikipigwa kila siku njia ya kurudi nyumbani, nilimkuta Fahali kwenye karatasi iliyofungiwa sukari guru. Nusu ukurasa tu. Kichwa, pembe, na mwizi anaruka juu. Nililala na karatasi ile hadi ikaisha. Nelima akanipa chai.

Alhamisi, 5 Septemba

Ushindi wa kwanza!

Nilikwenda kwa Afande Okidi na chupa ya simsim ya kusaga, maana niliambiwa anaipenda. Anaishi nyuma ya ofisi ya binti yake. Mrefu, mgongo umenyooka, masikio ndiyo yamechoka. Ananiita "wewe Mkenya". Nikapaza sauti hadi kuku wa jirani wakatawanyika. Afande, yule Kapteni wako wa mwanzo, alikuwa na pembe au hakuwa na pembe?

Mzee aliweka kijiko chini. Akaniangalia kama mtu ambaye amengoja swali hilo maisha yake yote.

"Iko na pembe," akasema. "Bila pembe, huyo si Kapteni. Huyo ni mtu bure."

Nilitaka kumbusu. Nikajizuia, ni afande. Nikauliza na jina. Akalitamka mara mbili, lakini mdomo ulikuwa umejaa simsim na meno ya mbele yamehama, sikuweza kuapa kama ni L au R. Haidhuru. Mwenye pembe ni fahali, hakuna mnyama anayeitwa fahari. Halafu akaingia kwenye bendi: nani alisimama wapi, nani alipoteza hatua siku ya gwaride. Nikatikisa kichwa kwa heshima na kuhesabu nyufa za ukuta. Anapotoka nje ya mada hana breki.

Ijumaa, 6 Septemba

Nimerudi kwa mzee na simsim nyingine. Ushahidi mmoja hautoshi, nataka undani ambao Whitney hawezi kuubuni.

Nimepata hazina! Nayaandika maneno yake nikiyasahihisha njiani, maana Kiswahili cha kambini hakina umoja wala wingi. Amesema, "Hiyo pembe nang'aa sana. Asubuhi yeye napiga polishi." Yaani pembe zake ziling'aa sana, na kila asubuhi alizipiga polishi. Kwa hiyo zilikuwa za dhahabu! Miaka hamsini tumekuwa tukizichora rangi ya kwato. Aibu yetu.

Amesema, "Ikilia, wezi nakimbia wote." Zikilia! Pembe za Kapteni zilikuwa zinalia! Nguvu ya siri ambayo Mutyaba hakuwahi kuichora.

Nikamwomba anionyeshe umbo. Akaonyesha kwa mikono: nyembamba huku karibu na uso, halafu inapanuka, inapanuka, mwisho pana kama sahani. Hapo mzee amekosea, pembe hunenepa shinani na kuchongoka ncha. Umri. Sikumwaibisha.

Na la mwisho, lililonifanya nisimame: "Akimaliza kazi, naweka ndani ya sanduku." Pembe za kuvua na kuvaa! Ndiyo maana hakuna mwizi aliyemtambua mchana! Na lile tatizo la helmeti limekwisha papo hapo. Mimi, Khisa, nimelitatua.

Nikamwomba aje Jumamosi ya mashindano, atoe neno. Akakubali. Akauliza kama kutakuwa na bendi. Nikasema tutaona.

Jumamosi, 7 Septemba

Picha hazitoshi. Madam Laker lazima amwone Kapteni akiwa hai, amesimama mbele yake. Nitavaa mwenyewe.

Nimekwenda Kisenyi nikapata pembe za Ankole kwa fundi anayezichonga kuwa vikombe. Kila moja ndefu kuliko mkono wangu. Fundi akauliza nataka vikombe vingapi. Nikamwambia nataka hadhi.

Kurudi nyumbani Makindye ndiyo ilikuwa kazi. Nilikaa kwenye bodaboda na pembe moja kila upande, dereva akashuka akatuzunguka, akacheka hadi akashika tangi. "Ssebo, ng'ombe mwenyewe umempereka wapi?" Nikamsahihisha kwamba ni *umempeleka*. Akasema, "Ndiyo, umempereka wapi?" Nchi hii nitaifundisha hadi kaburini.

Kofia ya kushikilia pembe nimeipata dukani kwa Nelima. Beseni dogo jekundu, linakaa kichwani vizuri kabisa. Nimelitoboa matundu mawili. Nilichagua lile la chini kabisa asilione. Nimesahau kwamba mabeseni yaliyopangwa juu yake yangeanguka. Yameanguka yote, hadi barabarani, mbele ya mama mmoja Msomali aliyekuwa ameshika mfuko wa mayai. Nelima aliyaokota mwenyewe mbele ya wateja. Kwa kila moja aliniangalia, na hiyo ilikuwa mbaya kuliko kelele.

Jumatatu, 9 Septemba

Upelelezi. Nimepitia ofisini kana kwamba nimesahau mwavuli. Whitney hakuficha kitu, akanigeuzia kioo nione. Maskini!

Kapteni wake ni msichana. Mjukuu wa yule wa zamani, eti. Jina Fahari, kwa R. Kichwani nywele tu. Na silaha yake ni kizindalo, vile vipaza sauti vya kwenye mlingoti vinavyotangaza mtaani mtoto aliyepotea na mkutano wa LC, serikali ya mtaa. Anakibeba begani. Mwizi akiiba, binti anatangaza jina lake kwa sauti hadi Makindye yote inasikia, na mwizi anaona haya anarudisha. Ndiyo hadithi nzima. Hakuna anayeng'olewa, hakuna anayerushwa juu.

Nikamwonea huruma, nikampa ushauri wa kiuncle. Nikamwambia Afande Okidi atakuwepo, na mzee yule hapendi kelele hata kidogo, afadhali akiondoe kizindalo ampe binti mwavuli. Akanishukuru sana. Roho ilinisuta kidogo, hadi kituo cha bodaboda.

Jumanne, 10 Septemba

Yule msichana kaenda kumuuliza mzee mwenyewe! Yaani siku hizi vijana hawaamini watu wazima. Madam Laker amenisimulia akicheka: Whitney kauliza kama kelele zinamsumbua, na mzee kajibu kwamba kelele ni kitu kizuri sana, akiongeze kizindalo kiwe kikubwa. Amekichora upya, sasa kinafunika nusu ya ukurasa.

Hainitishi. Mzee ni mpole kwa watoto. Ukweli atausema Jumamosi.

Jumatano, 11 Septemba

Mazoezi. Pembe zimepakwa dhahabu. Ili zilie nimefunga honi ya bodaboda ndani ya beseni, na betri mfukoni. Kitufe nakibonyeza kwa kidole bila mtu kuona.

Asubuhi, Nelima alipokwenda kazini, nikavaa nikajaribu. Honi ililia vizuri mno. Ikakataa kunyamaza. Nikakimbilia nje nikapate hewa, pembe zikakwama mlangoni, moja ndani, moja nje, mimi katikati. Jirani yangu Ojera, mwanajeshi wa kambi ya hapa Makindye, alikuja mbio akidhani ni hatari. Alipoona ni mimi alikaa chini kwenye ngazi. Ilimchukua muda kupata nguvu za kung'oa betri.

Akauliza, kwa adabu, kama nyumbani kuna amani. Nikamweleza mradi. Akasema yeye utotoni alimpenda yule wa miwani na joho. Watu wa Fahari wako kila mahali, hata jeshini.

Nimetia swichi mpya. Jumamosi nitasimama mbele ya Madam Laker, na hakuna kitakachonizuia isipokuwa milango.

Ijumaa, 13 Septemba

Nelima amegundua beseni nilikolificha. Nilitegemea kelele. Badala yake aliligeuza, akatazama matundu, akasema, "Baba Nangila, kesho ukishindwa, hujafa. Sikia hilo." Nikamwambia sitashindwa. Akasema amesikia, lakini na mimi nisikie. Nimepiga viatu rangi.

Jumamosi, 14 Septemba

Nitaandika kama yalivyotokea.

Tulikusanyika ofisini: Madam Laker mezani, wafanyakazi wake ukutani, Afande Okidi kwenye kiti cha mbele, amevaa koti la gwaride lenye vifungo vya shaba. Whitney alianza. Akaonyesha binti wake, kizindalo chake, akasoma kurasa mbili kwa sauti ndogo, akakaa. Watu wakapiga makofi ya kiasi. Nikafurahi. Niliona mlango uko wazi.

Mimi niliingia kutoka nje nikiwa nimeshavaa. Pembe zikagonga mlango pande zote mbili, watu wakacheka. Nilikuwa nimelitarajia! Nikazivua mbele yao, nikapita, nikazivaa tena, nikatangaza kwamba hii ndiyo siri iliyofichwa tangu 1974: pembe za kuvua na kuvaa! Kisha nikaeleza dhahabu. Kisha nikabonyeza kitufe. Zikalia! Karani mmoja akamwaga chai. Nikahutubia. Nikasema kwamba kila baada ya miaka kumi wamemkata, wamemvisha, wamempandisha, wamempa simu, kwa sababu hakuna aliyekwenda kwenye chanzo. Mimi nimekwenda. Nikainua mkono kumwelekea mzee. Afande, waambie!

Afande Okidi alisimama polepole. Akanikaribia. Akashika pembe moja, akaitikisa. Akatazama beseni.

"Hii ni nini?" akauliza. "Hii ng'ombe natoka wapi?"

Nikapaza sauti nikamkumbusha. Afande, ulisema Kapteni ana pembe!

"Pembe, ndiyo!" akanguruma. "Pembe moja! Ya kupuliza! Yeye ni mtu wa bendi!"

Mzee akatoka. Nilibaki nimesimama na dhahabu yangu kichwani, sikujua kama nivue au nisubiri. Akarudi na sanduku jeusi, akalifungua. Tarumbeta. Imepigwa polishi inang'aa. Nyembamba huku karibu na uso, mwisho pana kama sahani.

Akaeleza, na safari hii hakuna aliyethubutu kumkatiza. Kwenye bendi yao kila kitu cha kupuliza walikiita pembe. Kapteni alikuwa askari wa bendi, akimwona mwizi anapiga pembe, kambi nzima inatoka nje, mwizi anakimbia. Jina alilichukua kwenye wimbo wao wa gwaride, Fahari ya Kambi. Alimsimulia Mutyaba kwa mdomo, Mutyaba akaandika alivyosikia, L mahali pa R. Halafu Mutyaba akakaa akafikiri: anaitwa Fahali, ana pembe. Basi ni ng'ombe. Akachora ng'ombe. Afande aliporudi kutoka kaskazini akakuta Kisenyi yote imebandikwa mtu mwenye kichwa cha ng'ombe, na watu wanampenda. "Mimi nanyamaza," akasema. "Wananchi nafurahi. Mimi nasema nini?"

Ndiyo maana kila akiulizwa alikuwa anazungumzia bendi. Alikuwa anajibu.

Kisha akainua tarumbeta akapuliza. Pumzi si ya zamani, sauti ilikatika mara mbili, lakini ulikuwa wimbo, na ulikuwa mzuri. Madam Laker aliweka mkono mdomoni. Hakuwahi kumsikia baba yake akipiga. Nami, nikiri, nilisisimka mwili mzima, halafu nikaona wivu, halafu nikaona kizindalo cha Whitney kwenye kioo, umbo lile lile hasa, mdomo mwembamba na mwisho mpana, na nikajua nimekwisha.

Madam Laker hakuhitaji kufikiri. Kapteni Fahari ni wa Whitney. Mimi nilishukuriwa.

Nilipogeuka kuondoka nikasahau kuvua pembe.

Jumapili, 15 Septemba

Nimelia. Naandika wazi, hii ni shajara yangu. Nimelia bafuni, maji yakiwa yamefunguliwa, na Nelima alijua kwa sababu bili ya maji anaifahamu vizuri. Fahali hakuwahi kuwepo. Yule aliyenilinda njia ya kurudi nyumbani alikuwa kosa la mtu wa Kisenyi. Nilimpenda kwa dhati, na alikuwa kosa.

Nelima akakaa kando yangu. Hakucheka, na alikuwa na kila sababu. Akasema kwamba ngumi zile za njiani ziliacha kuniuma kwa sababu ya nusu ukurasa ule, kwa hiyo Mutyaba hakukosea kila kitu. Kisha akasema kesho niende naye dukani, na si adhabu.

Jumatatu, 16 Septemba

Mabeseni. Nilikaa nyuma yake mchana kutwa. Mteja mmoja aliuliza kama lile jekundu lenye matundu ni la kuchujia tambi. Nelima alimuuzia kabla sijafungua mdomo.

Jumatano, 18 Septemba

Simu! Madam Laker! Nilidhani anataka nirudishe ufunguo wa kabati. La! Whitney amemwambia kwamba hadithi yake haina adui wa maana. Ana wezi wadogo tu, wanaona haya haraka mno. Kamwambia, "Uncle Khisa akikasirika anaandika vizuri." Kwa hiyo wanataka niandike adui, ukurasa mmoja kila toleo, kwa majaribio. Sharti ni moja. Nimuulize Afande Okidi adui wa mwanzo alikuwa nani, na nisikilize.

Ukurasa mmoja! Kwa mtu aliyekuwa na kitabu kizima! Nilimwambia nitafikiri. Nilifikiri hadi alipotaka kukata simu, nikakubali.

Nelima akasema nimshukuru yule msichana. Nitamshukuru nikishamzidi. Adui akiwa mkubwa vya kutosha, baada ya matoleo machache nani atamkumbuka shujaa? Mpango unaanza kujipanga wenyewe.

Ijumaa, 20 Septemba

Nimetoka kwa afande sasa hivi. Nimesikiliza. Nimekuwa mtu mpya: sikumharakisha, na alipoingia kwenye bendi nilimwacha aingie.

Adui wa Kapteni alikuwa mtu mkubwa wa ofisini aliyekuwa anakula mishahara ya kambi. Jina mzee amelisahau. Lakini alama yake anaikumbuka vizuri, kila mtu alimtambua kwayo. "Huyo mwizi iko na tai," akaniambia. "Tai nyeusi. Asubuhi nafunga kwa shingo, jioni nafungua."

Tai! Mwizi anayetembea na tai! Mzee alisema *tai nyeusi*, nikasahihisha kimoyomoyo: tai mweusi. Ndege mzima, amefungwa shingoni kila asubuhi, anafunguliwa kila jioni akawinde! Nani alikuwa na adui wa namna hii Afrika Mashariki yote? Nikauliza tai huyo alikuwa wa nini. Akajibu, "Ya hariri." Kwa hiyo ana jina pia! Hariri. Jina tamu kwa ndege mkatili.

Sikuuliza zaidi. Jambo moja nimejifunza katika mwezi huu: maswali mengi yanamchosha mzee, na mwenye akili huelewa kwa machache.

Madam Laker lazima amwone Hariri akiwa hai, picha hazitoshi. Tai wa kweli Kampala simjui alipo, lakini karoli, korongo yule mla taka wa jalalani sokoni, ni mkubwa kuliko tai yeyote, na shingo anayo ndefu ya kutosha. Ojera ameahidi kunitafutia kamba.